Ukanda wa Kuni

Mimi ndiye niliyemwambia arudishe kitambaa nyuma. Bwana wa kamera hakusema kitu. Yeye alikuwa amepiga goti kwenye nyasi, jicho kalibana kwenye kamera, akisubiri jua litoke winguni, na mimi nilikuwa pembeni nimeshika ubao mweupe wa kurudisha mwanga usoni mwa mtu. Niliona kivuli cha kitambaa kimemfunika yule mama hadi kwenye nyusi. Kivuli cha namna hiyo huharibu picha, macho yanakuwa mashimo mawili. Basi nikasema, kwa sauti ya mtu anayejua kazi yake, "Shemeji, rudisha kitambaa nyuma kidogo."

Alinitazama. Nakumbuka alinitazama kitambo, mikono yake ingali ndani ya karai la nguo. Kisha akafuta mkono mmoja kwenye gauni, akakisukuma kitambaa hadi nywele zikaonekana, akaendelea kufua. Bwana wa kamera akanong'ona, "Muzuri sana, muzuri sana," na mashine ikalia mpaka filamu ikaisha.

Ilikuwa miaka ya Hali ya Hatari, na kama hukuwapo sina namna fupi ya kukueleza. Nairobi ilikuwa mji ambao mtu akikohoa nyuma yako unageuka. Asubuhi ungekuta mtaa mzima umefungwa, wanaume wamechuchumaa barabarani kwa safu, mikono kichwani, wakiinuliwa mmoja mmoja kupita mbele ya mtu aliyevikwa gunia lenye matundu mawili ya macho. Yule wa gunia hakusema neno. Akitikisa kichwa, umekwenda. Waliotafutwa walikuwa Wakikuyu, lakini hofu haikuuliza kabila, na mimi Mluhya, tena mwenye pasi safi ya kitambulisho mfukoni, nilikuwa nikipita karibu na safu zile nikiipapasa kila hatua. Mimi ni mwoga. Nalisema mapema ili usije ukaona ushujaa mahali ambapo haupo.

Kazi niliipata kwa bahati. Idara moja ilikuwa na gari la kuonyesha sinema, na ilimwajiri bwana mmoja Mzungu wa kutengeneza filamu fupi fupi. Alihitaji mtu wa kubeba mizigo, baadaye akaona nina mkono mwepesi akanifundisha kukata na kuunga filamu, na baadaye zaidi akanipa kazi ya kusoma maelezo ya Kiswahili mbele ya watu picha inapoonyeshwa. Kiswahili chake mwenyewe kilikuwa cha kuokota jikoni. Lakini alikuwa mtu mpole, na alikuwa na wazo moja lililomkaa kichwani kama homa: kwamba Nairobi imejaa watu wasiotazamwa. Wapishi, yaya, madobi, wakata majani, watu wanaoishi kwenye vyumba vya nyuma huko Woodley, Muthangari na vile vitongoji vya kando ya Ngong Road. "Hawa watu hapana onekana," aliniambia. "Sisi taonyesha wao." Nilimpenda kwa maneno hayo. Nilidhani ni maneno ambayo hayawezi kumdhuru mtu.

Huko Woodley nilikuwa na rafiki, mpishi, mtu wa kwetu magharibi. Tulikutana kanisani. Alikuwa mrefu, mwenye koti jeupe la kazi lililopigwa pasi hadi likasimama lenyewe, na hakukosa kunitania kwa sababu sikuwa nimeoa. "Wewe utaoa hiyo sanduku," alisema kila aliponiona na kamera. "Haili, haiulizi umetoka wapi." Mkewe nilimwita shemeji, kama desturi. Alifua nguo za nyumba ya Wazungu alikopika mumewe, na ndiyo maana memsabu wa nyumba hiyo alimruhusu akae na mumewe na watoto wao wawili katika chumba cha nyuma. Alikuwa mama mkimya, mwenye mwendo wa haraka, na chai yake ilikuwa na maziwa kuliko chai ya mtu yeyote Nairobi.

Alizungumza nami Kiluhya. Kilikuwa na matamshi yasiyo ya kwetu, lakini sisi Waluhya tuna lugha nyingi, kila kilima na ulimi wake, na ukimsikia mtu anatamka vingine unamhesabia kilima kingine na maongezi yanaendelea. Nilimhesabia kilima cha mbali. Sikuuliza zaidi.

Filamu ilisafishwa, ikarudi kwetu mjini pamoja na nakala ya kukatia. Chumba chetu cha kazi kilikuwa ghorofani, juu ya duka la vitambaa, na meza ya kukatia filamu ilikuwa dirishani. Ilikuwa na kioo kidogo kama kiganja ambacho picha hupitia unapozungusha mkono wa chuma. Nilikuwa peke yangu asubuhi hiyo. Nikazungusha, akaja shemeji na karai lake, akanitazama vilevile alivyonitazama siku ile, akarudisha kitambaa nyuma, jua likamwangukia kwenye paji la uso.

Nikaacha kuzungusha.

Kwenye paji la uso palikuwa na mfereji. Mwembamba, laini, umetoka upande mmoja wa kichwa hadi wa pili. Nilijua mfereji ule, kila mtu Nairobi aliujua. Ni alama ya ukanda wa ngozi ambao msichana wa Kikuyu huanza kuuvaa kichwani angali mdogo, mzigo wa kuni au maji ukiwa mgongoni, na akikua mfupa unakuwa umeshakubali. Kwetu magharibi mwanamke hubeba kichwani, shingo imesimama. Hakuna mama wa kwetu mwenye mfereji ule. Wakamba nao hubeba kwa ukanda, hilo nalijua, lakini shemeji hakuwa ameandikwa Mkamba. Aliandikwa mke wa Mluhya, mzaliwa wa Uluhyani, na ile karatasi ndiyo iliyomweka pale Woodley wakati dada zake walikuwa wanapakiwa kwenye malori.

Nilikaa nikimtazama. Nakumbuka jambo la kwanza lililonijia halikuwa yeye. Lilikuwa mimi. Niliona jina langu kwenye karatasi ya kazi, mshika ubao wa mwanga. Niliona wakiniuliza nilijua tangu lini. Ndipo nikamfikiria mpishi, ambaye angekwenda kizuizini kwa kumficha, na wale watoto wawili, na mwisho ndipo nikamfikiria mwenyewe. Nimesema mimi ni mwoga.

Filamu ilikuwa ionyeshwe kwanza kwenye ukumbi mmoja wa mjini, mbele ya wakubwa. Siku zile huwezi kukusanya Waafrika mahali bila polisi kuwapo, na afisa wa zile safu za kupekua watu angekaa kiti cha mbele kabisa. Yeye kazi yake ilikuwa kutazama nyuso kutwa kucha.

Nilichukua makasi. Nikamkata shemeji kuanzia karai hadi mwisho, nikaunga pale palipobaki kwa gundi. Kipisi nilichokata kilikuwa kama urefu wa mikono miwili. Lakini kuikata nakala hakukutosha, kwa sababu filamu mama ilikuwa kwenye mkebe wake, na kutoka kwayo angeweza kuchapishwa mara mia. Nikaitoa. Nikatafuta pini ya shati. Nikakwaruza uso wake, picha baada ya picha, toka juu hadi chini, mkono ukienda ovyo hivi kwamba mikwaruzo ilitoka ya kweli, kama iliyofanywa na mchanga uliokwama ndani ya kamera.

Mchana bwana wa kamera akaja, akauliza picha ya mama wa karai iko wapi. Hiyo ndiyo aliyoipenda kuliko zote. Nikamwambia imekwaruzika. Akainua filamu mama dirishani, akaiangalia muda mrefu, akaiangalia pini iliyokuwa mezani, akaniangalia mimi.

"Mbaya sana," alisema. Akarudisha filamu kwenye mkebe, akavaa kofia, akatoka. Mpaka leo sijui alijua nini.

Jumapili nilipanda baiskeli kwenda Woodley na kile kipisi ndani ya soksi. Kwa nini sikukichoma palepale mjini? Nimejiuliza sana. Nadhani nilitaka aone. Nilitaka mtu mwingine anisaidie kuogopa.

Kwenye Ngong Road palikuwa na kizuizi. Askari aliniamuru nishuke, nikashuka. Akapapasa mifuko, akakuta pasi, leso, na hindi la kuchoma nililokuwa nimelifunga kwenye karatasi. Akalifungua lile hindi, akaligeuzageuza kana kwamba lina risasi. "Vua kofia." Nikavua. Nilihisi filamu ikinichoma kwenye kifundo cha mguu, nikawa na hakika kwamba inatoa sauti. Mwenzake akamwita kwa ajili ya lori lililofika, naye akanipungia mkono nipite, hindi akabaki nalo. Nilijaribu kupanda baiskeli miguu ikakataa. Niliisukuma hadi Woodley, mwendo wote ule, kama mtu anayempeleka ng'ombe.

Mpishi alikuwa mlangoni amekaa kwenye kiti cha kukunja. "Aa, bwana wa sanduku! Leo baiskeli imekuchoka?" Kisha akaniona uso. Akaniingiza ndani, akafunga mlango.

Nikavua kiatu. Nikawaambia yote, kwa sauti ya chini, huku nikimtazama mpishi kwa sababu sikuweza kumtazama mkewe. Ndipo shemeji akasema, polepole, kwa Kiswahili, nadhani kwa sababu Kiluhya kwa wakati ule kilikuwa kama kuigiza:

"Mimi nilifikiri unajua."

"Nijue nini?"

"Yote. Huyu aliniambia wewe ni mtu wetu. Ukisema rudisha kitambaa, mimi nikasema, huyu anajua, na kama anajua na anasema rudisha, basi hiyo picha haina shida."

Mpishi akageuza uso ukutani. Yule mama alikuwa ameficha paji la uso wake kwa watu wote wa mtaa, kwa memsabu, kwa wakaguzi wa pasi, mchana na wakati wa kulala, na alilifunua mara moja tu, kwa sababu aliniamini. Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona tena.

"Umekata yote?" aliuliza.

"Yote."

"Kweli, shemeji?"

"Haki ya Mungu. Kwenye ile filamu humo hata kidogo."

Akanyoosha mkono nimpe kipisi. Alikwenda nacho dirishani, akakishika kwa ncha za vidole kama nilivyomwonyesha, akafumba jicho moja. Picha zile ni ndogo kama ukucha. Alizitazama moja moja, akishuka, kama mtu anayesoma barua. Hakuwa amewahi kupigwa picha isipokuwa ile ya pasi.

"Kumbe niko mzuri," alisema.

Hakutabasamu. Akakikunja kipisi kikawa kidogo, akakitia kwenye jiko chini ya sufuria. Kikajipinda, kikanuka vibaya, watoto wakapiga kelele nje kwamba mama anaunguza chakula.

Sasa nije kwenye kosa langu la pili, ambalo ndilo kubwa.

Siku ya kuonyesha filamu ilikuwa Jumamosi, saa kumi alasiri. Madirisha ya ukumbi yalizibwa kwa mablanketi. Mbele waliketi wakubwa na wake zao, na katikati yao yule afisa, mtu mwembamba mwenye nywele za rangi ya majani makavu, anayesema Kiswahili kama sisi. Nyuma kwenye mabenchi walikaa watu tuliowapiga picha, kama arobaini hivi, kwa kuwa bwana wa kamera alisisitiza waalikwe wajione. Mlangoni walisimama askari wawili. Mmoja alikuwa Mkamba, mtu mzima, mwenye meno yaliyochongwa.

Mpishi na mkewe walikuja. Ningekuwa mimi nisingekuja, lakini mpishi alinieleza baadaye: majina yao yalikuwa kwenye orodha ya wageni, na siku zile mtu ambaye jina lake limeitwa naye hayupo ndiye anayetafutwa. Alikuwa amevaa koti lake jeupe. Yeye shemeji alivaa gauni lake la madoadoa, kitambaa kimeshuka hadi kwenye nyusi.

Nilisimama kando ya ukuta wenye picha, karatasi mkononi, taa ndogo ikinimulika. Mashine ikaanza kulia. Nikasoma. Akaja yaya akisukuma kigari cha mtoto, watu wa nyuma wakacheka kwa furaha wakimtaja. Akaja dobi wa Muthangari na pasi yake ya makaa. Nikaanza kupumua. Picha ya nne ilikuwa mtaa wa Woodley asubuhi, mzee mmoja anakata ua kwa makasi makubwa. Picha hiyo niliijua kama chumba changu. Niliikata mwenyewe, niliiunga mwenyewe, niliizungusha mezani labda mara mia, na kila mara nilimtazama mzee na makasi yake.

Kwenye kioo cha kiganja ukingo wa picha ni kama ncha ya kiberiti. Kwenye ukuta wa ukumbi ulikuwa mkubwa kama mlango. Na kutoka kwenye ukingo huo, nyuma ya mzee, aliingia mwanamke ameinama, mzigo wa kuni mgongoni, ukanda kwenye paji la uso, gauni la madoadoa. Alipita polepole upande wa pili, akatoka. Uso haukuonekana vizuri. Haukuhitajika kuonekana: kumbe kuni alizibeba kwa ukanda asubuhi mapema, akidhani hakuna anayemtazama.

Nilinyamaza katikati ya sentensi. Sisi tuliotumwa kuonyesha watu wasiotazamwa, na mimi niliyemtafuta kila mahali kwenye filamu ile ili nimtoe, sikuwa nimemtazama hata mara moja. Nikaona kichwa cha afisa kikiinuka.

Midomo yangu ikaanza kusema kabla yangu. "Na huyu," nikasema, macho yangu kwenye karatasi ambayo haikuwa na maneno hayo, "huyu ni mama wa Kikamba, muuza kuni, ambaye hupita mitaa hii kila asubuhi."

"Simamisha," alisema afisa.

Mashine ikasimama, taa ya ukumbi haikuwashwa. Akageuka kwa mwendesha mashine. "Rudisha nyuma."

Ile mashine iliweza kwenda kinyume. Basi tukamwona tena, safari hii akitembea kinyumenyume, ameinama, kuni zikimvuta, akirudi alikotoka hatua kwa hatua. Kitu cha namna hiyo huchekesha, na siku nyingine yoyote ukumbi mzima ungevunjika mbavu. Kule nyuma hakukohoa mtu. Kila mtu wa Woodley kwenye mabenchi yale alijua ni mke wa nani. Walifua pamoja, waliteka maji pamoja, na gauni lile walilijua hata doa la chai pindoni. Niliinua macho nikaona, kwenye mwanga wa ukuta, mpishi akivua koti lake jeupe taratibu na kumfunika mkewe mabegani hadi magotini, kana kwamba ukumbini pana baridi.

Picha ikaenda mbele tena. Mama akaingia, akapita, akatoka.

"Unasema Mkamba," afisa aliniambia.

"Ndio, bwana."

"Unamjua?"

"Hapana, bwana. Alipita tu. Huuza kuni."

Alifikiri. Kisha akamwita askari wa mlangoni, yule mwenye meno yaliyochongwa. Akaja mbele na viatu vyake vizito, akapiga saluti. Picha ilirudishwa mara ya tatu.

"Wewe Mkamba. Huyo ni mama wa kwenu?"

Askari alitazama ukuta. Alitazama kwa makini, kama mtu aliyepewa kazi. Halafu, na hili nililiona mimi peke yangu kwa sababu nilisimama upande huo, macho yake yakateleza hadi kwenye mabenchi, yakapita juu ya vichwa, yakasimama mahali palipokuwa na koti jeupe, na chini ya koti pindo la madoadoa. Sijui yalikaa hapo kwa muda gani. Mkojo ulinitoka kidogo. Naandika hili kwa sababu nimeamua kutosema uongo.

"Mama yangu mimi anabeba hivyo hivyo, effendi," alisema askari.

"Endelea," afisa akamwambia mwendesha mashine, na filamu ikaendelea. Nilisoma hadi mwisho. Wakubwa wakapiga makofi. Bwana wa kamera alisimama akainama kidogo, uso umemwiva, na hakuniuliza siku hiyo wala siku nyingine yoyote yale maneno ya mama wa Kikamba yalitoka wapi.

Watu wa nyuma walitoka kwa mstari, pasi mkononi. Afisa alisimama nje kwenye ngazi akivuta sigara, hatua tano tu kutoka mlangoni. Nilijifanya nakusanya nyaya karibu na mlango, maana sikuweza kukaa mbali na sikuweza kutazama. Mpishi akapita. Kisha shemeji, koti la mumewe mabegani. Askari Mkamba akachukua pasi yake, akaisoma, akamrudishia. Wakati wa kumrudishia akainamisha kichwa kama anayekagua muhuri.

"Mama," alisema kwa sauti ya chini kabisa, "kuni beba kwa kichwa."

Yeye akachukua pasi yake, akapita.

Wiki ile sikulala vizuri. Kila gari lililosimama mtaani lilikuwa limenifuata mimi. Jumapili nikaenda tena Woodley, bila kitu kwenye soksi, na bado kwenye kizuizi nilivua kofia kabla sijaamriwa. Sikujua kama nitawakuta.

Niliwakuta. Ua wa nyuma ulikuwa umemwagika maji kila mahali. Ukanda wa ngozi ulikuwa umekatwa vipande vidogo, vikichungulia kutoka kwenye majivu ya jiko. Mpishi alikuwa amesimama kando ya chumba, mikono nyuma, hana utani. Na shemeji alikuwa katikati ya ua na debe la maji kichwani, juu ya kata ya majani aliyoizungusha mumewe, mikono yote miwili imelikamata, gauni limelowa hadi kiunoni. Watoto wake walikuwa wakimcheka. Walidhani ni mchezo.

Alikuwa na umri kama wa miaka thelathini na tano. Mwili wake wote ulikuwa umejengwa kuinama mbele, mzigo ukivuta nyuma. Miguu yake ilijua hivyo, shingo ilijua hivyo. Sasa shingo ilikuwa ikitetemeka chini ya debe kama mguu wa ndama. Alipiga hatua nne, maji yakamwagika usoni, akafumba macho, akaendelea.

Aliponiona hakusema mulembe, salamu ya kwetu, wala shemeji. Alisimama hapo alipo, maji yakimchuruzika kidevuni.

"Wewe ndiye unajua kutazama watu," alisema. "Basi tazama. Inaonekana?"

Nilitaka kusema haionekani. Maneno yalikuwa mdomoni. Lakini nilishamwambia mara moja kwamba hayumo kwenye filamu, haki ya Mungu, na alikuwamo.

"Inaonekana," nikasema. "Unaangalia chini. Mama wa kwetu hatazami chini, anatazama mbali. Na mkono mmoja tu. Huo mwingine uache uning'inie."

Mpishi akalijaza debe upya. Nikasogea hadi pembeni ya ua, mahali ambapo ningesimamisha kamera, nikachuchumaa. Nikamwambia aanzie langoni.

Akaja. Nikamwambia arudie. Akarudi langoni, akaja tena, maji yakamwagika, nikamwambia hatua ni fupi mno, arudie. Watoto waliacha kucheka, wakaenda kukaa karibu na baba yao. Jirani mmoja alitoka chumbani kwake, akaona, akarudi ndani na kufunga mlango bila sauti. Alirudia tena na tena. Sikumwonea huruma, kwa sababu afisa asingemwonea. Mara ya tisa alitoka langoni, mkono mmoja juu, macho yakitazama mbali, akavuka ua mzima mbele yangu, na kama ningekuwa simjui ningemhesabia kilima cha jirani na kwa mama yangu.

"Imetosha," nikasema.

Mumewe akamtua debe. Shemeji akakaa kwenye kizingiti cha chumba chao, akavuta kitambaa hadi kwenye nyusi, kisha akakivuta zaidi hadi kikamfunika uso wote, akalia.